Ombi la Mfumaji

Kila Jumanne gunia la barua lilinitangulia kazini,
limeegemea mlango kama mlevi aliyefukuzwa kwake.
Nilikuwa na miaka kumi na tisa, kisu cha bahasha,
na kiti kisicholingana miguu,
ghorofa ya tatu, mji wa Tampere, huko Ufini,
theluji ikibisha dirishani bila kuchoka.

Studio yetu ilikuwa ghala la viatu zamani.
Harufu ya ngozi haikutoka, hata taa zilipowashwa
na poda ikaanza kuchuruzika mashavuni mwa waimbaji.
Kamera tulikuwa nazo mbili: moja nzima,
nyingine ikifanya kazi siku inayotaka yenyewe.

Tuliahidi: andikeni mnachotaka, nasi tutakionyesha.
Wakaandika.
Mvulana wa Kangasala alitaka mbwa anayejua kuhesabu.
Tukamleta mbwa. Akahesabu mpaka nne, akalala.
Mwuza samaki alitaka polka ya harusi yake,
na juma la pili akaandika tena:
basi, msiipige, mwenyewe ameshaondoka.
Kasisi alitaka sketi za wachezaji zishuke.
Watu arobaini na mmoja, kwa mwandiko mmoja,
walitaka zipande.

Nikapanga marundo: nyimbo, vichekesho, mazingaombwe,
na rundo la nne, la yasiyowezekana.
Mwana aliyezama ziwani, aonekane dakika moja tu.
Hiyo niliifunika kwa kikombe cha kahawa.

Kisha ikaja ya Lempi Harjunpää,
kwenye karatasi ya kufungia sukari,
penseli imekandamizwa hadi kutoboa:

*Miaka thelathini na miwili nilisimama
kwenye mitambo ya kufuma pamba.
Masikio yangu yalibaki kule kiwandani.
Jirani ana runinga, huniwekea kiti cha mbele,
nami huona mdomo wa mwimbaji ukifunguka, ukifumba,
kama samaki ndani ya ndoo.
Naomba, mara moja, mikono ya anayepiga piano.
Mikono naielewa.*

Husemwa sikio halilali na njaa.
Yake yalilala hivyo, miaka na miaka.

Nikampelekea Urpo Salokangas, mwongozaji wetu,
mtu wa kutafuna njiti ya kiberiti
na kusema hapana kabla ya swali.
"Runinga ni uso," alisema. "Mikono watu wanayo nyumbani."
Nikaiacha barua juu ya sahani yake ya soseji.

Jumamosi, saa mbili usiku, moja kwa moja hewani.
Mwimbaji alivaa gauni la kukopa,
mgongoni pini tupu.
Ubeti wa kwanza, uso. Ubeti wa pili, uso.
Ghafla Urpo akatema njiti,
akamgusa mpiga kamera begani,
na ile kamera nzima ikageuka, magurudumu yakilalama,
ikamwacha bibi wa watu akiliimbia giza,
ikatua juu ya vidole vya Arvi:
kucha zilizotafunwa, pete inayobana,
kovu la msumeno kwenye kidole gumba,
vikikimbia, vikirukana, vikirudi,
vikiunga kitu ambacho
huku chumbani sote tulikuwa tukikisikia tu.

Simu ikalia. Ikalia tena.
Mitambo imeharibika? Mbona dada hatumwoni?
"Ni ombi," nikajibu.
"La nani?"
"La mtazamaji."
Wakanyamaza. Kila mmoja alikuwa na lake guniani.

Jumanne, karatasi ileile ya sukari.
Nilidhani ni shukrani, nikamwita Arvi aje asome.

*Nimeona. Kidole kidogo cha kushoto kinachelewa.
Kwetu kiwandani uzi ungekatika.*

Arvi alicheka mpaka akakohoa.
Jioni ile nilipovaa koti niliwasha taa ya ngazi,
nikamsikia bado yuko studio peke yake,
noti moja, kidole kimoja,
noti ileile,
mpaka mfagiaji akamwomba kiti.